Distroya za Kijapani: meli zilizojengwa kwa ajili ya usiku mmoja

Alfajiri ya tarehe 12 Machi 1934 mashua ya Kijapani ya kurusha topido (kombora linalokimbia chini ya maji), iitwayo Tomozuru, ilikuwa mazoezini karibu na bandari ya Sasebo, Japani, bahari imechafuka. Ikaenda mrama, ikalala ubavu, haikuinuka tena. Walipoikuta ilikuwa inaelea imepinduka, mkuku juu, wakaivuta hivyo hivyo mpaka bandarini. Kati ya mabaharia 113 waliokuwamo, 100 walikufa. Hapakuwa na adui wala mwamba. Ilikuwa meli mpya kabisa.

Kazi yangu ni kupima uthabiti wa vyombo, na kila ninapoulizwa habari za distroya za Japani za Vita vya Pili vya Dunia, yaani manowari ndogo za kasi zilizobeba mizinga na topido, huanzia kwa Tomozuru, ingawa yenyewe ilikuwa ndogo kuliko distroya. Nahodha wa jahazi anayajua haya bila kalamu. Chombo kitupu kinataka farumi chini, mawe au mchanga, na mzigo mzito haupangwi juu ya sitaha. Tomozuru ilikuwa na mizinga na mirija ya topido ambayo kwa haki ingepaswa kubebwa na meli kubwa zaidi, na yote hayo yalikaa juu. Wachoraji wake hawakuwa wajinga. Walikuwa wameagizwa kufanya jambo ambalo maji hayakulikubali.

Agizo lenyewe lilikuwa na historia. Mwaka 1922, kule Washington, mataifa yalikubaliana kuwa kwa kila tani 5 za meli kubwa za vita za Marekani na 5 za Uingereza, Japani iwe na 3. Makamanda wa Kijapani wakakaa wakapiga hesabu. Ikiwa Wamarekani watavuka Pasifiki kuja kupigana, itabidi wapunguzwe njiani kabla ya kufika. Nyambizi ziwadonoe kwanza, na usiku wa kuamkia pambano kuu distroya na kruza, ambazo ni kubwa kuliko distroya, ziwaingilie gizani kwa topido. Asubuhi ndipo manowari kubwa zimalizie kazi. Mpango mzima wa distroya za Kijapani unasimama juu ya usiku huo mmoja. Ukiusahau usiku huo, huwezi kuelewa kwa nini zilijengwa zilivyojengwa.

Ya kwanza kuonyesha wazo hilo kikamilifu ilikuwa Fubuki, iliyoingia kazini mwaka 1928. Jina maana yake ni tufani ya theluji. Wajapani walikuwa wakizipa distroya majina ya upepo, mawimbi, ukungu na mwezi, na mimi huyaona mazuri kuliko majina ya majemadari. Fubuki ilikuwa na tani kama 1,750, mizinga 6 ya milimita 127 ndani ya vibanda vya chuma vilivyofungwa, na mirija 9 ya topido za milimita 610, pamoja na topido za akiba. Mitambo yake ilitoa nguvu za farasi 50,000. Waingereza, mwaka mmoja au miwili baadaye, walikuwa wanajenga distroya za tani 1,350 zenye mizinga 4 isiyofunikwa, na Wamarekani walikuwa bado wanatumia zile zilizobuniwa wakati wa vita vya kwanza. Kwa siku zake, Fubuki haikuwa na mwenziwe baharini.

Kisha ukaja mkataba wa London wa 1930, na sasa hata tani za distroya zikahesabiwa: Japani 105,500, basi. Wakubwa wakataka silaha zinazokaribia za Fubuki ziingizwe kwenye chombo cha tani 1,400 hivi. Ndiyo Hatsuharu hiyo, mizinga 5 na mirija 9, imerundikwa kama gari la abiria siku ya sikukuu. Ilipojaribiwa baharini ililala mno kila ilipopigwa usukani. Baada ya msiba wa Tomozuru, meli za aina hiyo zikarudishwa karakana, mirija ikapunguzwa kutoka 9 hadi 6, sehemu za juu zikakatwa na uzito ukaongezwa chini. Fujimoto Kikuo, mhandisi aliyeichora Fubuki, alisimamishwa kazi na akafariki mapema mwaka 1935.

Hakuishi kuona pigo la pili. Septemba 26 mwaka huo huo, mashariki ya Honshu, kundi la meli lililokuwa mazoezini liliingia katikati ya kimbunga. Distroya mbili za aina ya Fubuki, Hatsuyuki na Yugiri, zilikatika omo, yaani sehemu ya mbele. Zilikatika kabisa, mbele ya daraja la nahodha, kama mkate unavyomegwa. Tomozuru ilikuwa na kosa la uzito kukaa juu. Hapa kosa lilikuwa la mifupa. Wimbi refu likiinua meli katikati, omo na tezi, mbele na nyuma, zikaning'inia hewani, sitaha huvutwa na chini husukumwa. Wimbi likipita mambo hugeuka, na chuma kinachokunjwa huku na huku mwishowe huachia. Ili kupunguza uzito, Wajapani walikuwa wametumia mabamba membamba na kulehemu kwa wingi, wakati ufundi wa kulehemu ulikuwa bado mchanga. Meli zote zikaimarishwa, na sehemu muhimu zikarudi kupigwa ribiti, zile pini za chuma za kuunganishia mabamba. Fubuki na ndugu zake zikapita tani 2,000 na kasi ikashuka kutoka noti 38 za kwenye mchoro (kilomita 70 kwa saa) hadi 34 hivi.

Ninaheshimu sana walichofanya baada ya hapo. Walikubali kasi ipungue. Kagero ya 1939, tani 2,000, noti 35 (kilomita 65 kwa saa), mizinga 6, mirija 8 na topido 8 za akiba, ni meli iliyotulia. Ukiitazama michoro yake unaona mkono wa mtu aliyekwisha kuzika watu.

Silaha iliyobeba ilistahili meli nzuri. Topido ya kawaida ya siku zile ilichoma mafuta kwa hewa iliyoshindiliwa. Lakini karibu sehemu nne kwa tano za hewa ni naitrojeni, isiyochoma chochote. Inachukua nafasi tu, kisha inatoka nyuma na kuacha mstari mweupe wa mapovu unaomwambia adui topido inatokea wapi. Ukitia oksijeni tupu, unapata nguvu nyingi zaidi katika tangi lile lile, na moshi wake ni kabonidioksaidi na mvuke, vitu vinavyoyeyuka majini. Wengi walijua hayo. Shida ni kwamba oksijeni ya mgandamizo mkubwa ikigusa tone la grisi hulipuka. Huko Kure, kundi lililoongozwa na Kishimoto Kaneji lilipata njia: injini iwashwe kwa hewa ya kawaida kwanza, oksijeni iingie polepole, mabomba yasiwe na kona kali, na kila kipande kisafishwe mafuta. Siri ilikuwa kubwa hata oksijeni ikaitwa "hewa ya pili" ili anayesikia asielewe.

Hiyo ndiyo topido Aina ya 93. Urefu mita 9, uzito tani 2.7, baruti kilo 490. Kwa kasi ya noti 48 hivi ilikwenda kilomita 20, na ikipunguzwa kasi ilifika 40. Topido ya distroya za Kimarekani, kwa noti 45, iliishia kilomita 5 na nusu. Kwa muda mrefu makamanda wa Marekani hawakuamini. Meli zao zilipopigwa kutoka mbali walidhani ni nyambizi au mabomu ya majini.

Na walioishika walifunzwa kwa ukali usioelezeka. Mazoezi yalifanywa usiku, taa zimezimwa, kwa kasi ya vita. Agosti 1927, karibu na Mihogaseki, kruza Jintsu iliigonga distroya Warabi gizani ikaizamisha. Katika ajali za usiku huo walikufa watu 119, na nahodha wa Jintsu baadaye alijiua. Mazoezi hayakusimama.

Sisi wa pwani hii tuliguswa kwa mbali na meli hizi. Aprili 1942 kundi la meli za kubeba ndege la Japani liliingia Bahari ya Hindi na kuishambulia Colombo tarehe 5, kisha Trincomalee tarehe 9. Kagero na distroya nyingine mpya ndizo zilizolisindikiza. Waingereza wakaona hawana usalama Ceylon (Sri Lanka ya leo), na kundi lao la mashariki likahamia Kilindini. Hata wavunja-siri waliokuwa wakisikiliza redio za Japani walihamia Mombasa, wakawekwa katika jengo la shule ya Allidina Visram. Wanaopita hapo leo wengi hawajui.

Usiku uliosubiriwa kwa miaka 20 haukuja. Zikaja usiku nyingine, ndogondogo na nyingi, kuzunguka kisiwa cha Guadalcanal katika visiwa vya Solomon, Pasifiki. Ndege za Marekani zilitawala mchana, kwa hiyo meli za mizigo za polepole hazikuweza kufika. Distroya tu ndizo zilizoweza kuingia baada ya jua kuzama na kutoka kabla ya kupambazuka. Wajapani wenyewe waliiita kazi hiyo usafirishaji wa panya. Agosti 1942 distroya 6 zilishusha askari kama 900 wa Kanali Ichiki. Mizinga mizito na vifaru hazingeweza kubeba. Hilo ndilo jambo ninalotaka mtu alione. Distroya haina ngama, yaani chumba cha shehena, wala kreni, na kila nafasi iliyomo ina topido, mafuta au mitambo. Ukiifanya lori, umepata lori ghali kuliko yote duniani lisilobeba kitu.

Novemba 30, 1942, admirali Raizo Tanaka alileta distroya 8 karibu na Tassafaronga, pwani ya Guadalcanal. Sita zilibeba mapipa ya chakula na dawa, kila moja zaidi ya 200, yamefungwa kwa kamba, yameachiwa nafasi ndani ili yaelee. Kwa ajili ya uzito huo ziliacha nyuma topido za akiba. Wamarekani walikuwa na kruza 5 na distroya 6, na rada iliwaona Wajapani kwanza. Mizinga yao ikaiangukia Takanami, ikaiteketeza. Lakini mwako wa mizinga ile ukawaonyesha wengine pa kulenga. Hawakutegemea mizinga, waliachia topido na kugeuka. Kruza 4 kati ya 5 zilipigwa, Northampton ikazama. New Orleans ilikatika omo, ikazibwa kwa magogo ya minazi, ikaenda Sydney ikirudi kinyumenyume.

Katika vitabu vya mapambano, Tanaka alishinda usiku ule. Mapipa, hata hivyo, hayakufika ufukweni, na askari waliokuwa wakiyasubiri walilala njaa. Siku tatu baadaye walitupa mapipa 1,500; yaliyovutwa nchi kavu ni 310. Desemba 11 wakajaribu tena, wakiongozwa na Teruzuki, meli mpya iliyobuniwa maalumu kupambana na ndege, na mashua ndogo za topido za Kimarekani zikaizamisha. Tanaka alijeruhiwa, akalalamika kwa wakubwa, akaondolewa. Februari 1943 distroya ziliwatoa kisiwani askari zaidi ya 10,000. Kwa maoni yangu hakuna jambo walilofanya vizuri zaidi vita nzima.

Bado walikuwa na meno. Usiku wa Julai 13, 1943, karibu na kisiwa cha Kolombangara, huko huko Solomon, distroya 4 zikiwemo Yukikaze na Hamakaze zilijificha ndani ya wingu la mvua, zikapakia topido upya kwa dakika 18 hivi, zikarudi na kupiga kruza mbili za Marekani na kuizamisha distroya Gwin. Lakini mwezi uliofuata, ghuba ya Vella, distroya 6 za Kimarekani zilitumia rada na kuachia topido bila kufyatua mzinga kwanza. Kawakaze, Hagikaze na Arashi zikazama kwa muda mfupi na askari waliokuwamo. Shigure peke yake ilitoka. Jicho lililofunzwa miaka 15 lilipitwa na chombo ambacho hakichoki.

Yaliyobaki nayapita haraka, maana ni yale yale. Kila tani iliyopewa topido ilikosekana kwingine. Mizinga ya 127 iligeuka polepole mno kufuata ndege, na bunduki za milimita 25 zilikuwa na magazini ya risasi 15, mpakiaji hapumziki. Kagero ilianza na mabomu ya kina, yale ya kupigia nyambizi, yasiyofika 20. Juni 1944, karibu na Tawi-Tawi, Ufilipino, nyambizi moja ya Marekani, Harder, ilizamisha distroya 3 ndani ya siku 4: Minazuki, Hayanami, Tanikaze. Mwindaji amekuwa kitoweo. Tena Japani haikuunda kamandi kuu ya kusindikiza meli za biashara mpaka Novemba 1943, wakati mafuta na mchele wake vyote vilipita baharini. Hapo ndipo wakaja na aina ya Matsu, ndogo, ya noti 28, rahisi kujenga. Ingekuja 1940, ingekuwa na thamani kuliko Shimakaze, ile ya mirija 15 iliyofikia noti 40 na kuzamishwa Ormoc, Ufilipino.

Aina za Kagero na Yugumo zilikuwa meli 19 na 19. Kati ya 38 hizo, iliyouona mwisho wa vita ni Yukikaze. Ilikabidhiwa China mwaka 1947, ikatumikia Taiwan kwa jina la Tan Yang. Nanga yake iko Etajima.

Mimi huifikiria zaidi Suzutsuki, ndugu yake Teruzuki. Aprili 7, 1945, ikiisindikiza manowari kubwa Yamato katika safari ya mwisho, ilipigwa bomu mbele. Omo ikajaa maji. Ingeendelea mbele, maji yangeubomoa ukuta uliobaki. Nahodha akairudisha Sasebo kinyumenyume. Waliokuwa katika ghala la mbele la risasi walikiziba chumba kutoka ndani, wakafia humo, na hewa waliyoifungia ndiyo iliyoielesha meli. Baada ya vita mwili wake ulizamishwa bandari ya Wakamatsu, Japani, pamoja na wa distroya Fuyutsuki, uwe ukuta wa kuzuia mawimbi. Umo humo hadi leo, chini ya udongo na saruji.