Amesimamishwa kazi, kesi haisikizwi: yanayoaminiwa na yaliyo kweli

Mtumishi wa umma nchini Kenya akipewa barua ya kusimamishwa kazi, watu huambiana siku hiyo hiyo kwamba amefutwa. Ndiyo sababu kesi yake ya nidhamu inaweza kulala kabatini mwaka mzima bila mtu kuuliza. Kila mmoja anaamini mambo yalikwisha zamani.

Ukweli ni kwamba hata hayajaanza. Kusimamishwa ni kumweka mtu kando ili uchunguzi uendelee bila yeye kugusa faili wala kuwatisha mashahidi. Kifungu cha 236 cha Katiba kinakataza mtumishi wa umma kufutwa, kushushwa cheo au kuadhibiwa bila utaratibu wa sheria kufuatwa: aandikiwe makosa yake, ajieleze, asikizwe, apewe uamuzi pamoja na sababu.

Wengine husema serikali ina hiari ya kuchukua muda itakao. Haina. Kifungu cha 47 kinampa kila mtu haki ya kushughulikiwa upesi na kwa haki na vyombo vya utawala. Mwongozo wa Tume ya Utumishi wa Umma wa mwaka 2016 nao unataka kesi ya nidhamu ikamilike ndani ya miezi 6, na ikishindikana, Tume ielezwe kwa nini. Lakini mtu asijidanganye kwamba mwezi wa saba ukiingia mashtaka yanajifuta. Ukienda kortini, swali litakuwa nani aliyechelewesha na kwa sababu gani.

Wengine husema aliyesimamishwa "anakula mshahara wa bure." Hili linaumiza. Anayeshtakiwa kwa ufisadi hulipwa nusu mshahara tangu siku ya kushtakiwa, marupurupu yakibaki kamili; hivyo ndivyo kinavyosema kifungu cha 62 cha sheria ya ufisadi ya mwaka 2003. Sasa tazama payslipi yake. Mkopo wa sacco ulipangwa kwa mshahara kamili, na Sheria ya Ajira hairuhusu makato yazidi thuluthi mbili ya mshahara. Ukishakatwa nusu, makato mengine hayapiti, mkopo unaanza kulimbikiza malimbikizo, na wadhamini, ambao mara nyingi ni wenzake wa ofisini, wanaanza kupigiwa simu. Wakati huo huo mwingine anakaimu nafasi yake, naye analipwa posho ya kukaimu. Kama hana hatia, ameadhibiwa kabla ya kusikizwa. Kama anayo, mlipa kodi anaendelea kumlipa mtu aliyemwibia. Sioni anayefaidika na ucheleweshaji huu ila aliyekalia faili.

Waajiri wengi hujificha nyuma ya kauli kwamba lazima kesi ya jinai iishe kwanza. Mahakama zetu zimesema mara nyingi kuwa hizo ni njia mbili tofauti. Jinai inadai ushahidi usioacha shaka; kamati ya nidhamu inapima tu lipi lina uzito zaidi. Kwa mfano, kamati iliyo na vocha ya malipo ya mzigo yenye sahihi ya mtu na daftari la stoo lisiloonyesha mzigo kupokelewa haina haja ya kungoja korti miaka. Kwa sababu hiyo hiyo, kuachiliwa na korti hakuzimi kila swali la nidhamu.

Halafu kuna ushauri wa kunyamaza, eti ukiuliza utawaudhi wakubwa. Usiufuate. Andika barua kuuliza kesi imefika wapi, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Nakala hizo ndizo zitakazoonyesha nani aliyechelewesha. Mashahidi huhamishwa na kustaafu, na madai ya kazi yana ukomo wa miaka 3 tangu haki ilipovunjwa. Ukingoja huruma, unaweza kufika mahakamani mlango umefungwa. Na siku utakapoitwa kwa shutuma zinazoweza kukufutisha, usiingie peke yako: Sheria ya Ajira inakuruhusu uwe na mfanyakazi mwenzako au mwakilishi wa chama, na kamati inapaswa kumsikiza yeye pia.