Mkate wa kijiti: maana yake na namna ya kuuoka kando ya ziwa

Mkate wa kijiti ni donge la unga wa ngano lililotiwa sukari, likasokotwa kama kamba, likazungushwa kwenye kijiti kinene na kuokwa kwa joto la makaa. Hauhitaji sufuria, kikaango wala mafuta ya kukaangia. Ukiiva unachomolewa kijitini ukiwa na tundu katikati, na humo ndimo hutiwa asali, siagi ya karanga, maziwa matamu ya kopo au ndizi mbivu iliyopondwa. Ni kitafunwa cha kambini: cha skauti, cha vijana wa kwaya waliotoka kwa mapumziko, cha familia iliyokwenda kulala ufukweni Igombe au Luchelele, huku Mwanza kando ya Ziwa Victoria.

Mataifa mengi wanao. Wadenmark huuita snobrød, Wajerumani Stockbrot, na skauti wameuoka tangu enzi za Baden-Powell, yule aliyeanzisha uskauti Uingereza mwaka 1907 na ambaye kaburi lake liko Nyeri, Kenya. Wahungaria wa Transylvania wana ndugu yake mtamu zaidi, kürtőskalács, ambao huviringishwa kwenye sukari kabla ya kuokwa, na sukari hiyo ikayeyuka na kuwa ganda linalong'aa. Kwetu Mwanza, aliyewahi kukanda maandazi tayari anajua nusu ya kazi. Donge ni karibu lilelile. Tofauti iko kwenye moto, na hapo ndipo wengi wanapoharibikiwa.

Andazi likiwa kwenye mafuta hupata joto karibu pande zote kwa mara moja. Mkate wa kijiti hupata joto upande mmoja tu, ule unaotazama makaa, tena kwa kupitia hewani. Kwa hiyo ni lazima ugeuzwe muda wote, na ni lazima ukae mbali kidogo. Mwali wa moto hauoki mkate. Unababua ngozi yake na kuupaka masizi huku ndani kungali ubichi. Unachotaka ni makaa yaliyokwisha kushika vizuri, mekundu kwa ndani na yamefunikwa jivu jepesi la kijivu, yasiyotoa mwali wala moshi. Kwa kuni itachukua kama dakika 45 mpaka saa nzima kufika hapo. Kwa mkaa, kama nusu saa. Pima kwa kiganja: kiweke mahali mkate utakapokuwa, kisha hesabu moja, mbili, tatu. Ukilazimika kuondoa mkono kabla ya tatu, joto limezidi. Ukifika tano au sita, hapo ndipo penyewe. Ukipita kumi, mkate utakauka tu bila kuiva.

Sababu yake inafaa kueleweka, kwa kuwa ndiyo inayoongoza mambo mengine yote. Ndani ya mkate kuna maji, na maji hayawezi kupita joto lake la kuchemka. Ziwa Victoria liko mita 1,134 hivi juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo maji Mwanza huchemka kwenye nyuzi 96 za selsiasi, si 100. Nyama ya mkate, yaani ile sehemu laini ya ndani, huiva ikifika nyuzi 93 hadi 95. Nje, unyevu ukishakauka, joto hupanda bila kizuizi, na ikifika nyuzi 160 hivi sukari inaanza kugeuka karameli; ikizidi sana, inakuwa mkaa mchungu. Ukiongeza moto, ngozi inaungua haraka lakini katikati hakuendi kasi hiyo hata kidogo. Dawa ya mkate mbichi ndani ni donge jembamba na muda, wala si moto mkali.

Sasa donge. Kwa mikate 12: unga wa ngano nusu kilo, ule wa kawaida wa chapati na maandazi; sukari vijiko 4 vya chakula; hamira ya chenga kijiko 1 na nusu cha chai; chumvi nusu kijiko cha chai; mafuta ya kula au siagi vijiko 2 vya chakula; iliki iliyotwangwa, punje 5 au 6; na maziwa au maji vuguvugu, mililita 270 hivi, yaani kikombe kimoja cha chai na kidogo juu yake. Mimina kioevu kwa awamu na usimalize chote kama unga hautaki, maana unga wa gunia moja hunywa maji kuliko wa gunia jingine. Tui la nazi linafaa pia na linapendeza sana, ila ukitumia tui zito punguza mafuta.

Kanda dakika 10 kamili. Watu hulegea hapa kwa kuwa wako kambini, lakini ukandaji ndio unaolipa donge nguvu ya kujishikilia kwenye kijiti. Liwe gumu kuliko la maandazi: ukilibonyeza lirudi taratibu, na vidole vitoke vikavu. Lifunike kwa kitambaa chenye unyevu, uliache liumuke dakika 45 hadi saa moja. Mchana wa Mwanza halihitaji kuwekwa karibu na moto. Likipata joto kali, hamira hufa na mkate unakuwa jiwe.

Ukiwa na haraka, badala ya hamira tia vijiko 4 vya chai vya baking powder na upumzishe donge dakika 10 tu. Huo utafaa kwa watoto wasioweza kusubiri. Lakini huvunjikavunjika, na kamba yake hukatika wakati wa kuzungusha. Hamira ni bora, hilo halina ubishi.

Usiongeze sukari ndani ya donge zaidi ya vijiko 4. Utamu wa mkate huu hutoka nje na kwenye tundu. Asali ndani ya donge ndiyo mbaya zaidi, kwa kuwa sukari ya asali huanza kukahawia mapema kuliko sukari ya kawaida, na utatoa mkate mweusi nje, uji ndani.

Kijiti kiwe na unene wa dole gumba la mtu mzima au zaidi, sentimita 2 hadi 3, na urefu wa karibu mita moja ili mikono isiungue. Unene huu si wa mapambo. Kijiti kinene hufanya mkate uwe bomba lenye kuta nyembamba, nazo huiva. Chembamba huacha donge limejaa katikati, na hapo hapaivi. Ndiyo maana vyuma vya mishikaki havifai hapa: ni vyembamba mno, na ukivigeuza donge linabaki palepale huku chuma kikizunguka peke yake.

Mti mzuri ni mpera mbichi. Hauna harufu mbaya na hauungui upesi. Epuka mwarobaini kwa uchungu wake, mkaratusi kwa mafuta yake yenye harufu, na mnyaa kabisa kabisa, maana utomvu wake huchoma ngozi na unaweza kumpofusha mtu. Oleanda, ule mmea wa maua unaopandwa kwenye bustani, ni sumu kuanzia jani hadi shina. Usiuguse kwa kazi hii. Usitumie mti usioujua jina. Matete ya ufukweni ni mepesi na huungua. Mwanzi wenye pingili zilizoziba hupasuka kwa kishindo hewa ya ndani inapopata joto.

Bambua gome sentimita 20 za mwisho, kisha kishike kijiti juu ya makaa dakika 2 au 3 mpaka sehemu hiyo ikauke na iwe ya moto. Ipake mafuta kidogo. Kijiti baridi chenye majimaji huacha mvuke chini ya donge, na donge linateleza.

Chukua kipande cha gramu 70 hivi, kikubwa kidogo kuliko yai, ukisokote kwa viganja kiwe kamba ya urefu wa sentimita 30 na unene usiozidi kidole kidogo cha mkono. Anza kwenye ncha: funika ncha yote ya kijiti kwa donge ili mkate uwe na kitako, kisha zungusha kushuka chini, ukiacha mwanya mdogo kati ya mzunguko na mzunguko. Mwanya huo utazibwa na donge lenyewe likiumuka. Ukibananisha, pale mizunguko inapogusana patabaki pabichi. Mwisho wa kamba ubonyeze uingie chini ya mzunguko wa mwisho, vinginevyo utafunguka.

Shikilia kijiti sentimita 15 hadi 20 juu ya makaa, au vizuri zaidi pembeni yake, na ugeuze polepole bila kuacha. Dakika ya tatu au ya nne ngozi inapoteza mng'ao na kuwa kavu kama karatasi. Kufika ya saba madoa ya manjano yanatokea, kwanza kwenye migongo ya mizunguko. Kati ya dakika 10 na 12 mkate unakuwa wa kahawia, na ukiugonga kwa ukucha unatoa mlio wa kitu chenye uwazi. Kipimo cha uhakika ni hiki: ushike kwa kitambaa na uuzungushe kidogo. Ukiachia kijiti, umeiva. Ukiwa umeng'ang'ania, rudisha dakika 2.

Ukitaka ganda la sukari, dakika 2 za mwisho upake mafuta au siagi, uviringishe kwenye sukari iliyochanganywa na mdalasini kidogo, urudishe motoni mpaka sukari iyeyuke. Hapo usitazame pembeni. Sukari iliyoyeyuka huunguza ulimi kuliko chai, basi subiri dakika 3 kabla ya kumpa mtoto.

Kwa walio ufukweni kuna mambo ya ziwa lenyewe. Mchana upepo huvuma kutoka ziwani kuja nchi kavu, na usiku hugeuka kuelekea ziwani. Jua linapozama kuna utulivu wa muda. Utulivu huo ndio wakati mzuri wa kuoka, kwa hiyo washa moto saa kumi na moja jioni. Majabali ya Mwanza ni kinga nzuri ya upepo, lakini usizungushie moto mawe yaliyookotwa majini: maji yaliyojificha ndani ya mawe hugeuka mvuke na kuyapasua, na vipande huruka. Tumia mawe makavu ya juu. Maji ya kukandia yatoke nyumbani au yawe yamechemshwa, na mikono usiinawie ziwani, kwa sababu kichocho huingia kupitia ngozi. Moto uwe mbali na matete na njia za viboko, ambao hutoka majini kula majani giza likiingia. Usiwashe kwa mafuta ya taa wala mfuko wa plastiki. Harufu yake inaingia kwenye donge na haitoki.

Ukimaliza, zima kwa maji, koroga, mwagia tena mpaka usisikie mlio. Usifukie makaa kwa mchanga. Mchanga hutunza joto kwa saa nyingi bila kuonyesha dalili, na asubuhi mtu hupita hapo pekupeku.