Kitwitwi Si Kweleakwelea: Namna ya Kuwatambua Ndege wa Majaruba ya Usangu

Tangu msimu uliopita wa kilimo, ofisi yetu imekuwa ikipokea malalamiko mengi kutoka kwa wakulima wa mpunga wa bonde la Usangu wilayani Mbarali, mkoani Mbeya, hususan maeneo ya Ubaruku, Kapunga na Madibira, kwamba ndege wadogo wenye miguu mirefu wamevamia majaruba, na kwamba wadhibitiwe kama wanavyodhibitiwa kweleakwelea, wale ndege wadogo walao nafaka kwa makundi. Tunafahamu kuwa anayelalamika analinda jasho lake. Hata hivyo, kwa maelezo tunayopewa, ndege hao ni vitwitwi, na kitwitwi hali mpunga. Jambo hili tumelieleza katika mikutano ya vijiji mara nyingi kiasi kwamba inasikitisha kuona mitego na sumu vikiendelea kutegwa kwenye kingo za mifereji.

Mkulima mmoja alipotuletea kitwitwi aliyenaswa kwa wavu, tulimwekea mezani pamoja na kweleakwelea ili alinganishe kwa mikono yake. Domo la kweleakwelea ni fupi na nene, limeumbwa kwa kubana na kuvunja punje. Domo la kitwitwi lilikuwa jembamba kama kijiti cha ufagio, nyoofu, lenye urefu wa karibu sentimita 3, na ncha yake ilikuwa bado na tope. Domo hilo huchokonoa matope na maji ya kina kifupi kutafuta mabuu ya wadudu, minyoo na konokono wadogo. Mkulima alilipima kwa kucha, akanyamaza, kisha akauliza kwa nini basi ndege hawa wanajaa shambani mwake. Wanajaa kwa sababu jaruba lililolimwa na kutiwa maji, kwa macho ya kitwitwi, halina tofauti na ukingo wa kinamasi cha Ihefu.

Kalenda nayo inatosha kumwondolea ndege huyu lawama. Vitwitwi huzaliana kaskazini mwa Ulaya na Asia, huanza kufika kwetu mnamo Agosti, na wengi wao huondoka kufikia Aprili. Mpunga wa Usangu kwa kawaida huvunwa Mei na Juni, na kweleakwelea hushambulia punje zikiwa bado na maziwa, wakati ambao vitwitwi wengi wako njiani kurudi walikotoka. Yupo jamaa yao mmoja mkubwa kidogo, mwenye kichwa kidogo na shingo ndefu, ambaye huokota punje zilizomwagika baada ya mavuno. Kuokota makombo si kuvamia shamba.

Katika nyanda zetu, vitwitwi watatu ndio wanaochanganywa zaidi. Wa kwanza ni yule anayeonekana peke yake juu ya mawe ya mito, kwa mfano Ruaha Mdogo unapopita Iringa au mto Mbarali. Mgongo wake ni wa kahawia, tumbo ni jeupe, na weupe huo hupanda mbele ya bawa hadi begani. Hutikisa sehemu ya nyuma ya mwili bila kupumzika, na akiruka hupita chini sana juu ya maji huku mabawa yakipigapiga kwa mkato. Wa pili ndiye mwenyeji hasa wa majaruba: mgongo wake una madoadoa meupe, miguu ni ya manjano, na mstari mweupe ulio juu ya jicho hupita hadi nyuma ya jicho. Wa tatu hufanana na huyo wa pili, lakini ni mweusi zaidi, mstari wake huishia kwenye jicho, na chini ya mabawa ni weusi mtupu. Huyu hupenda mifereji na vijito vilivyofichika, na akishtuka hupaa juu ghafla akipiga kelele kali. Kitwitwi mwenye domo lililopinda kuelekea chini hutafutwa zaidi kwenye matope mapana ya ziwa Rukwa.

Ndege mweusi na mweupe atikisaye mkia kwenye nyua na mapaa si kitwitwi, wala yule mwenye mikanda miwili myeusi kifuani na duara jekundu kuzunguka jicho.

Kuhusu sheria, tunaomba izingatiwe kwamba kukamata au kuua ndege pori bila leseni ni kosa chini ya Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori, Na. 5 ya mwaka 2009. Mayai, manyoya na nyama ya ndege hao ni nyara za Serikali, na kupatikana navyo kinyume cha sheria ni kosa chini ya kifungu cha 86, hata kama aliyenavyo hakumwua ndege mwenyewe. Kauli kwamba "ni kandege tu" haijawahi kuwa utetezi. Aidha, sumu iliyowekwa ukingoni huingia katika maji yaleyale yanayonywewa na mifugo.

Mkulima aliyeshambuliwa na kweleakwelea wa kweli amwarifu afisa ugani wa kata, naye atapeleka taarifa kwa afisa kilimo wa wilaya, ili Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu ishirikishwe. Taarifa itaje kijiji, mahali ndege wanapolala usiku na hatua ambayo mpunga umefikia, kwa kuwa unyunyiziaji wa dawa hulenga mahali pa kulala na si shamba zima. Akikuta ndege kadhaa waliokufa pamoja, asiwaguse kwa mikono mitupu. Awaache palepale na amwite afisa mifugo. Akikuta ndege mwenye pete ya watafiti mguuni, na ndege huyo yu hai, asiivue pete: asome herufi na namba zote, hata zile ndogo za upande wa pili, aandike tarehe na mahali, kisha amwachilie aende na kuwasilisha maandishi hayo kwa afisa wanyamapori wa wilaya.