Mbio za Mchumba: Mapenzi katika Vichekesho vya Buster Keaton

Mchumba wa filamu bubu hana faida na maneno matamu, kwa kuwa hakuna atakayeyasikia. Mwili wake ndio unaopaswa kuonyesha, kwa kukimbia, kujikwaa na kuanguka, kile ambacho ulimi umeshindwa kutamka. Kwa maoni yangu, Buster Keaton, mchekeshaji Mmarekani wa filamu hizo, alilithibitisha hilo vizuri kuliko wote katika Seven Chances, filamu aliyoiongoza na kuigiza mwaka 1925.

Jimmie Shannon, mhusika anayeigizwa na Keaton, anaarifiwa kwamba atarithi dola milioni 7 iwapo atakuwa ameoa kufikia saa moja jioni ya siku anayotimiza miaka 27, nayo ni siku hiyo hiyo. Anampenda Mary, lakini kwa mwaka mzima neno limemkwama kooni. Anapoposa hatimaye, anajieleza vibaya kiasi kwamba Mary anaelewa kuwa msichana yeyote angemfaa, naye anamkataa. Rafiki yake Jimmie anatangaza gazetini kwamba anatafutwa bibi harusi, na mamia ya wanawake waliovaa shela wanalijaza kanisa, kisha wanamkimbiza.

Keaton hakuipenda hadithi hii, iliyotokana na mchezo wa jukwaani, na kilichoiokoa ni sadfa. Filamu ilipoonyeshwa kwa majaribio, watazamaji walicheka sana pale alipogusa mawe machache yakaanza kumfuata mlimani. Alirudi kupiga picha upya akiwa na mamia ya mawe ya bandia, mengine makubwa kumzidi yeye. Anayakwepa, anajificha nyuma ya mwamba nao unaanza kubingirika, na uso wake haubadiliki hata kidogo.

Lakini zisingekuwa mbio za mapenzi kama angekuwa anakimbia tu. Kabla hazijapamba moto, Mary amekwisha kumsamehe na kumtumia ujumbe. Hivyo mamia wanaomtaka wako nyuma yake, na yule mmoja ambaye Jimmie anamtaka yuko mbele. (Mjumbe huyo ni mwigizaji Mzungu aliyepakwa rangi nyeusi, dhihaka ya kibaguzi ambayo ni doa katika filamu hii na ambayo haiongezi chochote kwenye kisa.)

Katika sehemu kubwa ya mbio hizo, kamera imewekwa mbali ili aonekane mzima, tangu kichwani hadi nyayoni, na mtazamaji ajue kwamba hatari anaikabili yeye mwenyewe. Mimi huwahimiza wanafunzi wangu wa uigizaji waitazame sehemu hiyo wakifuata miguu yake badala ya uso, kwa sababu posa iliyomshinda kuitamka inatolewa na miguu hiyo.