Bichi, pwani na “kipwani”: dhana potofu kuhusu ufukwe wa Ziwa Victoria

Siku hizi Mwanza kila kizuri kilicho karibu na maji huitwa cha kipwani. Kadi ya sherehe inawataka wageni waje na mavazi ya kipwani, nyumba ya wageni inajinadi kwa mandhari ya kipwani, na picha iliyo juu ya tangazo inaonyesha majabali na mitumbwi ya dagaa. Vijana wana neno lao fupi zaidi, bichi: twende bichi, viatu vya bichi, picha za bichi. Maneno haya yana raha yake na hayaendi popote. Tatizo ni kwamba yamekuja na tabia za bahari ndani yake, na anayeyapokea bila kuyachunguza hulitarajia ziwa litende kama Bahari ya Hindi. Kuna wanaopoteza pesa kwa ajili hiyo, na kuna wanaopoteza afya. Ndiyo sababu nimeona niyachambue.

“Pwani ni ukingo wowote wa maji mengi”

Pwani imetokana na kupwa. Ni mahali ambapo maji hupwa yakaacha mchanga na matope wazi, kisha yakajaa tena, mara mbili kwa siku. Unguja na Dar es Salaam, siku za bamvua, yaani maji yanapojaa na kupwa kuliko siku nyingine, tofauti kati ya kujaa na kupwa hupita mita 3. Wanawake hushuka na ndoo kutafuta chaza na pweza pale ambapo asubuhi ngalawa ilikuwa ikielea. Mwani hulimwa hapo hapo. Maisha ya pale hufuata saa ya maji, na watoto huijua kabla ya kuanza shule.

Ziwa Victoria halina saa hiyo. Mwezi hulivuta kidogo mno, jicho halioni chochote. Kinachosogeza ukingo wa ziwa letu ni mvua. Maji mengi yanayoliingia huanguka moja kwa moja kutoka angani, mengine huletwa na mito kama Kagera, Mara na Simiyu, na njia ya kutokea ni moja tu, Mto Nile kule Jinja. Mvua zikizidi, ziwa hupanda na halirudi jioni yake wala wiki ijayo. Mwaka 2020 lilipanda hadi kufikia rekodi iliyokuwa imewekwa mwaka 1964. Fukwe zilimezwa, na majengo ya kando ya maji katika nchi zote 3 zinazolizunguka ziwa yalikaa ndani ya maji kwa miezi. Waliokuwa wamejenga kwa kukisia kwamba maji “yatakupwa” waliyasubiri bure.

Watazame hata wavuvi. Mvuvi wa Bagamoyo huhesabu mwezi ili ajue bamvua na maji mafu, siku ambazo kujaa na kupwa huwa kidogo. Mvuvi wa dagaa wa Ukerewe naye huhesabu mwezi, ila hesabu yake ni ya mwanga. Dagaa hufuata taa, na taa haifui dafu mbele ya mbalamwezi. Zikifika siku za giza, mitumbwi hutoka na taa zake, zamani karabai na sasa nyingi ni za betri na sola, na ukisimama juu ya jabali usiku huo utaona mstari wa nuru umekata ziwa. Mwezi ukikomaa, watu hubaki nchi kavu wakishona nyavu na kulala usingizi wa kulipa deni. Mwezi ni uleule kwa wote wawili, na kila mmoja anausoma kwa mahitaji ya maji yake.

Kwa hiyo “pwani ya Ziwa Victoria”, ambayo mtu huisikia hata redioni, haikai sawasawa. Wala hatuna uhaba wa maneno. Kuna mwambao, kutokana na kuambaa, yaani kupita kandokando. Hilo linafaa bahari na ziwa vilevile. Kuna ufukwe, kuna ukingo, kuna kando ya ziwa. Vyote ni Kiswahili safi na havimdanganyi mtu kuhusu maji anayoyaendea.

“Kipwani maana yake ni mchanga, maji na upepo”

Kipwani ni namna ya watu. Ni kanga iliyochaguliwa kwa jina lake, kofia ya viua, baraza mbele ya nyumba, milango ya kuchongwa, wali wa nazi, samaki wa kupaka, taarabu. Mengi ya hayo yanaweza kufanyika mbali na maji kabisa. Mama lishe wa Igoma, ambako huoni hata chembe ya ziwa, akipika wali wa nazi na mchuzi wa ukwaju amepika kipwani kwa haki zote. Meza iliyotandikwa mchangani Luchelele, ikapakuliwa sato wa kuchoma na ugali wa muhogo, hiyo ni meza ya ziwani, na haipungukiwi na kitu.

Hapa kuna jambo linalonigusa. Kiambishi ki- hakijawahi kutulia kwenye ziwa; hakuna anayesema chakula cha kiziwa. Tunasema cha ziwani, au cha Kanda ya Ziwa, ama tunawataja wenyewe: Kikerewe, Kisukuma, Kijita, Kihaya, Kizinza. Mwambao huu una watu wengi wenye namna nyingi, na kuwafunika wote kwa neno kipwani ili tangazo livutie ni kuwanyima wenyeji heshima yao. Mrembo aliyevaa kitenge juu ya jabali la Bismarck anapendeza kwa Kimwanza chake.

“Bichi siyo Kiswahili”

Hili halihitaji maneno mengi. Bichi limeingia kama yalivyoingia shati na baiskeli: lina ngeli yake, tunasema bichi hii na bichi hizi, na bibi wa Kirumba analielewa sawa na mjukuu wake. La kuangalia ni moja. Tayari tunacho kivumishi -bichi, kama katika embe bichi na kijani kibichi, na ndiyo maana watu husema mavazi ya bichi na hakuna asemaye mavazi ya kibichi.

Maana nayo imehama. Mwanza, bichi ni mahali pa kustarehe kando ya maji: viti, muziki, kuku na samaki wa kuchoma, watoto wakikimbia. Chini panaweza kuwa jabali tupu na pasiwe na mtu hata mmoja anayeoga. Mgeni akialikwa bichi asifikirie lazima kuogelea.

Na wanaosema Mwanza hakuna mchanga, kuna mawe tu, wamekosea pia. Mchanga upo, tena umezaliwa na mawe hayohayo. Majabali yetu ni matale (graniti) yenye umri wa zaidi ya miaka bilioni 2, na mvua na jua huyamenya taratibu hadi yanakuwa chembe. Ndiyo maana mchanga wa hapa ni mzito, wa kahawia, unakwaruza kidogo mguuni. Ule mweupe laini wa Unguja umetokana kwa sehemu kubwa na matumbawe na makombe yaliyosagika. Anayetaka mchanga mrefu wa kutembea ziwani aende Bukoba.

“Mwalo ni bichi iliyochafuka”

Dhana hii inaniudhi kuliko zote. Mwalo ni mahali mitumbwi inapotia nanga, samaki wanapopokelewa, wakapimwa na kuuzwa, chini ya usimamizi wa kikundi cha wavuvi wenyewe, BMU. Ni bandari, ni soko, ni kiwanda. Mwaloni Kirumba magunia ya dagaa hupakiwa kwenda mikoani na hadi Kongo, na shehena kubwa ya kinachoitwa dagaa wa Mwanza huwa imetoka visiwani. (Visiwani kwetu ni Ukerewe, Ukara na Kome; mtu wa Dar akisikia neno hilo hufikiria Unguja na Pemba.)

Ile harufu ambayo wageni huikunjia uso ni harufu ya kazi. Mtumbwi ukifika alfajiri, dagaa hushushwa kwa ndoo wakiwa bado wanameta, na akina mama huwamwaga na kuwatandaza kwa mikono, tabaka jembamba lisilopandana, kisha huwageuza jua likipanda. Wakianikwa chini hukauka haraka, ila huokota mchanga, na mpishi atausikia kwenye meno hata akiosha mara tatu. Wakianikwa juu ya chanja za nyavu hutoka safi na huuzika kwa bei nzuri zaidi. Ukitaka kumjua muuzaji mwaminifu, chukua gao la dagaa wake, wapukutishe juu ya kiganja kingine, utazame kilichobaki.

Mvua ikinyesha kabla dagaa hawajakauka, hasara ni ya mama yule aliyekopa kununua ndoo zake. Kupaita mahali hapo bichi chafu ni kutomwona.

“Maji baridi hayana madhara”

Tuanze na jina lenyewe. Ziwa Victoria ni la maji baridi, maana yake halina chumvi. Halihusiani na baridi ya kutetemesha: juu ya uso maji huwa kati ya nyuzi 24 na 27 hivi, vuguvugu la kupendeza. Kukosa chumvi ndiko kunakowalaghai watu. Macho hayawashi, ngozi haikauki, ukimeza funda hutapiki, basi mtu anaona ameingia kwenye beseni lake la nyumbani.

Kwanza, maji haya hayakubebi kama ya bahari. Lita moja ya maji ya bahari ina uzito wa takriban kilo 1.025, ya ziwani ni kilo 1. Tofauti inaonekana ndogo, lakini ndiyo inayofanya mwili kuelea kwa urahisi zaidi baharini. Aliyejifunza kuogelea Tanga, akizoea kulala chali juu ya maji, atashangaa miguu yake ikizama Mwanza. Na mawimbi yapo. Usiku ziwa hubaki na joto wakati nchi kavu imepoa, upepo hukusanyika juu ya maji, na dhoruba nyingi huzaliwa usiku hadi alfajiri. Wavuvi hawaliogopi ziwa bure.

La pili ni kichocho. Watu wengi husema kichocho ni ugonjwa wa watoto wanaokojoa damu, na kwamba hukipati usipoyanywa maji. Yote mawili yana kasoro. Kiluwiluwi cha kichocho hutoka kwa konokono wadogo wanaoishi kwenye maji matulivu yenye majani, kisha hupenya kwenye ngozi nzima isiyo na jeraha. Kuosha vyombo, kufua, kusukuma mtumbwi, vyote vinatosha. Na kichocho cha mwambao wa ziwa ni hasa kile cha tumbo. Dalili zake huweza kuwa maumivu ya tumbo, kuhara, damu kwenye choo, na kikiachwa miaka mingi huharibu ini, tumbo likajaa na mtu akatapika damu. Aina ya kukojoa damu hupatikana zaidi mbali na ziwa, kwenye mabwawa na madimbwi. Mtu anayesubiri mkojo mwekundu ndipo aende hospitali anaweza kusubiri huku ini linaumia.

Kujifuta taulo haraka baada ya kutoka majini si kinga ya kutegemea. Viluwiluwi hutoka zaidi jua likiwa kali, karibu na saa sita mchana, muda uleule familia nyingi zinapopenda kuwaachia watoto waoge. Kwenye matete na magugumaji hatari ni kubwa zaidi. Maji yaliyotekwa yakatuama saa 48, au yaliyochemshwa, hayana kiluwiluwi hai. Na dawa ipo, prazikwanteli, hutolewa hospitali na pia kwa kampeni mashuleni. Anayeoga au kufanya kazi ziwani mara kwa mara apime hata kama hajisikii kuumwa. Kabla ya kuingia majini mahali usipopajua, waulize pia wenyeji habari za mamba na kiboko. Watakujibu bila kukucheka.

“Kiwanja changu kinagusa maji, kwa hiyo bichi ni yangu”

Viwanja vya bichi vinauzwa kila upande, Ilemela hadi Magu, na dalali hukuonyesha kwa mkono: kuanzia kwenye mwembe mpaka majini. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inakataza shughuli za kudumu za kibinadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa bahari, ziwa, mto au bwawa. Mita 60 ni zaidi ya nusu ya uwanja wa mpira. Katika viwanja vingi vidogo hicho ndicho kipande chote mnunuzi alichokipendea. Hati haikupi ruhusa ya kujenga ukuta hadi kwenye maji, wala kumzuia mama wa jirani kupita na ndoo yake.

Kabla hujalipa, nenda ofisi ya ardhi ya Jiji au ya halmashauri husika ukaone ramani ya mipango miji, kisha uende mtaani bila dalali, uwaulize majirani maji yalifika wapi mwaka 2020.