Mkandarasi aliyesimamishwa anaweza kwenda mahakamani

Imezoeleka kusemwa kwamba orodha ya wakandarasi walioidhinishwa ni hisani ya serikali, hivyo anayesimamishwa hana pa kulalamikia. Si kweli. Nchini India, Mahakama ya Juu ililiweka wazi mwaka 1974 katika shauri la Erusian Equipment: hakuna mwenye haki ya kudai apewe kandarasi, lakini ana haki ya kusikilizwa kabla ya kufungiwa mlango wa zabuni. Hayo ni mambo mawili, na wengi huyachanganya.

Mwaka 2014, katika shauri la Gorkha Security Services, mahakama hiyo ikakaza zaidi. Barua ya kumtaka mkandarasi ajieleze lazima itaje kwamba kufungiwa kunafikiriwa, au hilo lieleweke bila shaka kwa kuisoma. Barua ikilalamikia kazi mbovu tu bila kugusia adhabu hiyo, uamuzi unaweza kubatilishwa.

Kwa hiyo anza kwa kuikagua barua hiyo, kisha peleka mapema ombi la zuio la muda, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha uamuzi wa kukufungia hadi kesi iishe. Bila zuio, zabuni zinaendelea kufungwa huku kesi ikisikilizwa. Mahakama haipimi upya ubora wa zege. Na ukishinda kwa kasoro ya utaratibu, ofisi inaweza kukuandikia barua mpya iliyo sahihi na kuanza upya.