"Amekiri mwenyewe" bado haitoshi, mkumbukeni Henry Lee Lucas

Kila akikamatwa mtuhumiwa wa mauaji tunaandikiwa meseji zilezile, si amekiri mwenyewe jamani, mahakama inasubiri nini tena? Najua wanaouliza wana uchungu na wanataka haki, ila hili swali tumelijibu mno.

Lucas, Mmarekani, alikamatwa Texas mwaka 1983 kwa kosa la silaha, akakiri kumuua bibi kizee mmoja na binti aliyekuwa anaishi na Lucas mwenyewe. Hayo yalithibitishwa. Shida ikaanza walipomwachia aendelee kuongea, akasema ameua watu mia, idadi ikapanda mpaka mamia, na polisi wa majimbo kibao wakawa wanamiminika jela ya mji wa Georgetown, hukohuko Texas, kila mmoja na faili lake, kesi zaidi ya 200 zikafungwa kwa mdomo wake tu. Alikuwa anapewa sigara, anapewa milksheki, anatolewa selo kwenda kuonyesha maeneo, na kuna wapelelezi walimwonyesha picha za tukio kabla hajasema lolote. Sasa hapo anayesimulia ni yeye au ni faili? Alidai hadi kwamba ndiye aliyepeleka sumu Jonestown, kule Guyana, kwenye makazi ya dhehebu ambako mamia ya watu walikufa kwa sumu.

Hukumu ya kifo aliipata kwa mauaji ya mwanamke aliyeokotwa karibu na Georgetown Oktoba 1979, mwilini kabaki na soksi za rangi ya chungwa basi. Rekodi za kazi na malipo zikaonyesha kipindi kile Lucas alikuwa Florida anaezeka mapaa. Mwaka 1998 gavana wa Texas, George W. Bush, akambadilishia kuwa kifungo cha maisha, akafia gerezani 2001. Yule mama wa watu jina lake limejulikana 2019, miaka arobaini nzima alikuwa kaburini bila jina, na kwa miaka mingi watu waliamini muuaji wake yuko ndani.

Hapa Tanzania ndiyo maana maelezo ya onyo, yaani yale mtuhumiwa anayoandikisha polisi, yana utaratibu, na tusiambiwe tunachelewesha: mtuhumiwa anaonywa kwanza kwamba halazimiki kusema na atakachosema kinaweza kutumika kama ushahidi, anahojiwa ndani ya masaa manne tangu awekwe chini ya ulinzi isipokuwa muda uongezwe kisheria, ana haki ya kuwasiliana na wakili, ndugu au rafiki, anasomewa alichosema, anasahihisha, anasaini. Akikana mahakamani kwamba hakusema kwa hiari, inasikilizwa kesi ndogo ndani ya kesi, na mzigo wa kuthibitisha hiari ni wa upande wa mashtaka. Ndugu yako akikuita kituoni wakati anachukuliwa maelezo nenda, na asisaini karatasi ambayo hajasomewa.